Kibanda Umiza cha Tandika: Kiingilio Shilingi 500, Redio Marufuku

Kabla sijaingia kwenye kibanda hiki kwa mara ya kwanza, nilikuwa nimeshakisikia kwa karibu mwaka mzima. Nyumba tunayopanga hapa Tandika, Dar es Salaam, iko hatua chache tu kutoka kwenye ukuta wake wa mabati, na siku za mechi sauti za waliomo huingia dirishani kwetu kana kwamba wamekaa sebuleni. Nisingelalamika, kwa kuwa nami ni mpenzi wa mpira, lakini sauti zile zilikuwa zinanifikia mapema kuliko picha. Nyumbani tulikuwa tunaangalia mechi kwa intaneti, kupitia programu iliyounganishwa na televisheni, na mara nyingi mpira ungali miguuni mwa kipa, anautuliza, huku kibandani wameshalipuka kwa kelele za goli. Basi nilikuwa nakaa mbele ya kioo cha inchi 43, nikihesabu sekunde thelathini, mara nyingine zaidi, nikisubiri kuona jambo ambalo watu themanini upande wa pili wa ukuta walikuwa wamekwisha kuliona, kulishangilia na kuanza kulibishania.

Mwanangu, ambaye wakati huo alikuwa na umri wa miaka 14, ndiye aliyelitaja jambo hilo kwa jina lake. "Mama," aliniambia, "sisi hapa tunaangalia marudio." Jumamosi iliyofuata, mwishoni mwa Agosti 2023, nilijifunga khanga, nikatoa shilingi 1,000, mia tano yangu na mia tano yake, tukaingia. Tangu siku hiyo nimelipa kiingilio mlangoni pale zaidi ya mara mia moja, kwa hiyo ninayoyaandika si ya mgeni wa siku moja.

Kwa msomaji aliye mbali na Tanzania, kibanda umiza ni ukumbi mdogo wa mtaani ambako watu hulipa kiingilio ili waangalie mpira au filamu kwenye televisheni ya mwenye ukumbi. Uganda nako huitwa kibanda, bila hilo neno la pili. Jina la huku kwetu linasema kweli: benchi ni ubao usio na egemeo, paa ni bati tupu, na anayekaa dakika 90 pamoja na za nyongeza hunyanyuka na maumivu yake ya mgongo. Kibanda chetu kina urefu wa mita kumi na mbili hivi na upana wa mita sita, na kuta zake za mabati zimefunikwa kwa ndani na turubai jeusi ili jua la mchana lisipenye kwenye matundu ya misumari. Televisheni ziko mbili, moja kubwa katikati na nyingine ndogo pembeni kwa ajili ya mechi inayochezwa saa hiyohiyo. Benchi za mbele ni fupi, na za nyuma zimeinuliwa juu ya matofali hatua kwa hatua, kwa hiyo hata aliye mstari wa mwisho anaona mpira wenyewe wala si visogo vya watu. Hilo mwenye kibanda amelifikiria vizuri kuliko baadhi ya baa za mjini zenye viti vya ngozi na televisheni iliyotundikwa juu ya mlango wa choo.

Nje kuna ubao mweusi ulioandikwa kwa chaki mechi za siku, na huo ubao pekee ni huduma inayostahili kusifiwa. Mwishoni mwa Oktoba, Uingereza inaporudisha saa nyuma, mechi ya Jumamosi ambayo kwetu ilikuwa ikianza saa kumi na moja jioni husogea hadi saa kumi na mbili, na zile za katikati ya wiki za Ligi ya Mabingwa Ulaya hutoka saa nne usiku zikawa saa tano. Mwishoni mwa Machi hurudi zilikokuwa. Kila mwaka kuna watu mtaani wanaochanganyikiwa kwa wiki moja au mbili. Ubao haujawahi kukosea. Kiingilio cha mechi ya kawaida ni shilingi 500, na mechi kubwa, kama ya watani wa jadi, Simba na Yanga, au fainali ya Ulaya, ni shilingi 1,000. Anayeingia mara mbili kwa wiki hutumia shilingi 4,000 kwa mwezi, fedha ambayo haifiki popote ukiilinganisha na kifurushi chenye mechi hizohizo, king'amuzi, dishi na fundi wa kulifunga.

Hata hivyo nafuu ya bei haielezi kwa nini watu huja. Wengi wa wanaokaa kwenye benchi zile wana televisheni nyumbani, na baadhi wana ving'amuzi. Kinachowaleta kimeandikwa ukutani, juu ya televisheni kubwa, kwa rangi nyekundu: MARUFUKU KUSEMA MATOKEO. REDIO MARUFUKU.

Siku ya kwanza nilidhani amri ya redio ni kwa ajili ya kelele. Sababu nilielezwa na mzee mmoja anayekaa mwisho wa benchi ya tatu, ambaye ndiye aliyesababisha amri hiyo itungwe. Alikuwa na mazoea ya kuja na redio yake ndogo, ameiegemeza sikioni kama alivyozoea tangu zama za Redio Tanzania, wakati mpira wa nchi hii ulikuwa ni sauti ya mtangazaji peke yake. Tatizo ni kwamba mtangazaji wa redio aliyeko uwanjani husikika papo hapo, na picha ya televisheni huchelewa. Mzee alikuwa akiruka kwenye benchi yake huku watu wengine bado wanaangalia krosi haijapigwa. Hakuwa anakusudia kuwaharibia wenzake, lakini mwili wake ulikuwa unasema matokeo. Sasa redio yake huachwa mlangoni, kwenye kiboksi kidogo, na kijana wa mlangoni humrudishia akitoka, akimwambia, "Shikamoo babu, mzigo wako huu hapa."

Kuchelewa huko kuna maelezo, na ningependa niyaweke hapa kwa sababu watu wengi hulaumu bando au dishi bila kujua. Satelaiti zinazorusha televisheni ziko juu ya ikweta, kiasi cha kilomita 36,000 kutoka ardhini, lakini mawimbi husafiri kwa kasi ya mwanga, na safari ya kwenda juu na kurudi humalizika kwa takribani robo ya sekunde. Sekunde nyingi hupotea hapahapa chini. Picha hubanwa kituoni ili iweze kupita, kisha hufunguliwa ndani ya king'amuzi, na kazi hizo mbili huchukua sekunde kadhaa. Kwa intaneti hali ni nzito zaidi, kwa kuwa picha hukatwa vipande vya sekunde chache chache, na simu au televisheni yako huweka akiba ya vipande kadhaa kabla ya kuanza kukuonyesha, ili mtandao ukisuasua picha isigande. Programu ikifanya kazi yake vizuri kabisa, bado utakuwa nyuma ya jirani mwenye dishi, naye jirani atakuwa nyuma ya mwenye redio, na mwenye redio ndiye anayekaribia kuwa sawa na aliyekata tiketi.

Haikuwa hivyo tangu mwanzo. Tanzania Bara ilichelewa kupata televisheni. Zanzibar ilitangulia katika miaka ya mwanzo ya 1970, na picha zake zilikuwa za rangi, ilhali huku Bara tulisubiri mpaka mwaka 1994 ndipo vituo vya watu binafsi vilipoanza. Mimi ni wa kizazi kilichoangalia televisheni kwa jirani, tumekaa sakafuni baada ya kuambiwa tunawe miguu, na waliokosa nafasi wakisimama dirishani. Nakumbuka Ijumaa ya tarehe 31 Mei 2002, Senegal ilipocheza na Ufaransa, bingwa mtetezi, katika mechi ya ufunguzi wa Kombe la Dunia kule Seoul. Kwetu ilikuwa mchana, watu wametoka msikitini na kanzu zao, na yapata saa tisa Papa Bouba Diop alipofunga, mtaa wote ulipiga kelele mara moja. Neno ninalotaka lisomwe kwa makini ni hilo, mara moja. Mawimbi ya analojia yaliifikia kila antena ya mtaa kwa wakati uleule, kwa hiyo nyumba iliyokuwa na televisheni ya rangi, na iliyokuwa na ile ndogo ya nyeusi na nyeupe, na dirisha lililojaa watoto, vyote vilishangilia kwa pumzi moja. Usiku wa tarehe 31 Desemba 2012 mitambo ya analojia ilizimwa hapa Dar es Salaam, tukaingia kwenye ving'amuzi. Tulipata picha safi na chaneli nyingi, na sitamani kurudi kwenye chenga na kuzungusha antena huku mtu akiuliza kutoka ndani, "Hapo? Bado?" Lakini tangu hapo goli moja huingia mtaani mara nne au tano, kila nyumba kwa saa yake.

Hii ndiyo huduma inayouzwa kwa shilingi 500. Mwenye kibanda anakupa nafasi ya kutojua pamoja na watu themanini ambao nao hawajui, na anaulinda ujinga huo kwa amri ya ukutani, kwa kiboksi cha redio mlangoni, na kwa macho ya kijana wake anayetembea pembezoni akihakikisha hakuna aliyefungua simu yenye kutuma matokeo. Nimemwona akimtoa mtu mzima, kwa adabu lakini bila majadiliano na bila kumrudishia fedha, kwa kosa la kusema "subirini" wakati mpira haujapigwa. Hapo awali niliona ni ukali uliopitiliza. Leo ningemtoa mwenyewe.

Uangalifu wa mwenye kibanda huonekana pia katika mambo ambayo hakuyaandika. Katika miezi ile ambayo mechi ya Jumamosi huanza saa kumi na mbili jioni, adhana ya Magharibi huangukia ndani ya kipindi cha kwanza. Wanaokwenda kuswali huandikwa herufi moja kwa kalamu nyuma ya mkono na kijana wa mlangoni, na nafasi zao kwenye benchi hulindwa kwa kofia, kwa kandambili, kwa gazeti. Mtu anaweza kutoka akiacha kofia ya shilingi 15,000 juu ya ubao, akaswali, akarudi akaikuta. Msikitini wanarudi kimya, wanakaa, na hakuna anayewaambia kilichotokea mpaka wao wenyewe wainue macho kwenye kona ya kioo wasome matokeo. Sikuwahi kusikia mtu akiagizwa kufanya hivyo.

Wapo pia wanaoangalia kitu kingine kabisa kwenye kioo hichohicho, nao ni vijana wa mikeka, yaani tiketi za kubeti. Kijana aliyeweka shilingi 1,000 kwenye timu tisa haangalii mpira kama mimi ninavyouangalia. Anahesabu kona, au anaomba timu yake aipendayo isifunge goli la tatu kwa sababu mkeka wake unataka mabao yasizidi mawili. Nimekaa karibu na mmoja aliyekuwa amevaa jezi ya timu iliyoshinda, naye analia machozi ya kweli, mkeka umechanika dakika ya 89. Kibanda hakina kosa katika hili, maana simu iko mfukoni mwa kila mtu, lakini naona vibaya kwamba mabango mawili makubwa ya kubeti yamebandikwa ndani, moja likiwa karibu kabisa na benchi za mbele ambako hukaa wadogo. Nilimwambia mwenye kibanda. Alinijibu kwa upole kwamba mabango hayo ndiyo yaliyolipia turubai. Nilimwelewa, na bado sikubaliani naye.

Mchana, siku zisizo na mpira, kibanda huonyesha filamu za nje zilizotafsiriwa kwa Kiswahili na mtu mmoja anayezungumza juu ya sauti za wahusika wote. Kazi hii ina mabingwa wake. Tanzania jina la Lufufu linajulikana na kila aliyekulia kwenye vibanda, na Kenya wana DJ Afro. Nilikwenda mchana mara tatu ili nione, na niliyoyaona yalinilazimisha kufikiri upya. Watu waliokuwamo walikuwa wameshaiona filamu ile mara nyingi, wengine wakiyatamka maneno ya mtafsiri kabla yake, kwa kiitikio kilekile. Kama watu huja kibandani ili wasijue pamoja, basi hawa walikuwa wamefuata nini? Nilipotulia nilisikia kwamba hakuna aliyekuwa akifuata kisa. Walikuwa wanafuata sauti: namna mtafsiri anavyompa askari wa kigeni lafudhi ya mtu wa Pwani, anavyomwita jambazi kwa jina la fundi wa mtaani, anavyonyamaza ghafla na kuacha mlio wa risasi ujibu. Ni usimulizi wa zamani, ule ambao kila aliyekaa mbele ya bibi yake anaujua, kwamba hadithi hairudiwi kwa sababu imesahaulika.

Lakini mchana ndiyo saa ambayo siwezi kuipa kibanda hiki alama nzuri. Kiingilio cha filamu ni shilingi 200, na kwa bei hiyo huingia watoto wa darasa la tatu na la nne, baadhi wakiwa na sare za shule saa ambayo shule haijafungwa, wakaangalia watu wakikatwa shingo. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Namba 4 ya mwaka 1976, inataka maonyesho ya namna hii yawe na leseni na filamu zipitie ukaguzi, na haijatungwa kwa ajili ya kumbi za kifahari peke yake. Usiku kijana wa mlangoni anaweza kumzuia mtu mzima kwa neno moja tu. Mchana hawezi kushindwa kumwambia mtoto wa miaka tisa arudi shuleni. Mwanangu mwenyewe haruhusiwi kuingia mchana, na ningewaomba wazazi wenzangu wa mtaa huu waweke katazo hilohilo.

Jambo la pili linalonisumbua ni usalama. Kwa muda mrefu kibanda kilikuwa na mlango mmoja tu, wenye upana wa kupita mtu na nusu. Baada ya baadhi yetu kulizungumza mara kwa mara, mwaka 2024 mwenye kibanda alikata mlango wa pili upande wa nyuma, tukamshukuru. Sasa siku za mechi kubwa mlango huo hufungwa kwa kufuli, ili watu wasiingie bila kulipa, yaani hufungwa siku ambazo unahitajika kuliko siku nyingine yoyote. Nyaya za umeme zimepita juu ya turubai, na turubai ni kitu kinachoshika moto upesi. Siandiki haya kwa nia mbaya. Nimekaa mle ndani na mwanangu, nikahesabu vichwa vilivyo kati yangu na mlango, nikapoteza dakika nzima ya mchezo. Kijana wa pili mwenye ufunguo mkononi, akasimama nyuma kwa malipo ya mechi moja, angelimaliza tatizo hili leo.

Choo hakuna, waungwana huomba kwa mama muuza mihogo aliye jirani, naye huwakubalia wanawake tu. Joto la kati ya Desemba na Machi ni kali, na feni mbili zilizopo huwafaa walio chini yake. Kuhusu sisi wanawake, siku ya kwanza tulikuwa wawili kati ya watu themanini na ushei. Nilikaribishwa vizuri, nikaitwa mama, nikasogezewa nafasi kwenye benchi ya ukutani ambako mtu anaweza kuegemea bati. Sijawahi kuguswa wala kutukanwa, na lugha inapochafuka, mara nyingi kuna sauti ya nyuma inayosema, "Jamani, kuna wazazi humu." Siku hizi huwa tunafika kumi na wawili, hasa Simba au Yanga zinapocheza. Mashabiki husema mengi kuhusu mapenzi yao, lakini ninachokiona ni kwamba mwanamke akishajua kuna nafasi yenye egemeo, huja.

Umeme ukikatika, jenereta ndogo iliyo nje huwashwa ndani ya dakika moja au mbili. Utaratibu uliowekwa ni wa haki: kukikatika kabisa kabla ya mapumziko, unarudishiwa fedha yote, baada ya mapumziko, unaingia bure mechi inayofuata. Kile kinachotokea ndani ya dakika ile ya giza ndicho nilichokipenda kuliko utaratibu wenyewe. Watu themanini wana simu mfukoni, kila mmoja anaweza kujua matokeo kwa kidole kimoja, na hakuna anayeigusa. Wanakaa gizani, mtu anakohoa, jenereta inavutwa kamba mara ya kwanza, ya pili, ya tatu. Picha ikirudi, wote huangalia kwanza ile kona ya kioo.

Televisheni yetu ya nyumbani haijapoteza kazi. Saa mbili usiku huwashwa kwa taarifa ya habari, na baada ya hapo majirani wawili huja kwa tamthilia ya Kituruki iliyotiwa sauti za Kiswahili, mmoja akimenya vitunguu saumu, mwingine akimsuka mwanawe. Wanaiangalia kwa sikio zaidi kuliko kwa jicho, na mtu akitoka kuchota maji husimuliwa kilichompita bila mtu yeyote kukasirika. Ni uangaliaji wa namna nyingine, nao una raha yake. Kibanda kingeuua, na sebule yangu nayo inaua mpira.

Kwa hiyo naipendekeza huduma ya jioni na usiku ya kibanda hiki kwa yeyote mwenye mgongo unaovumilia, aende mapema dakika ishirini, akae upande wa ukuta, na aache redio nyumbani. Huduma ya mchana siipendekezi kwa mtoto yeyote. Na mlango wa nyuma ufunguliwe.

Nimebakiza siku moja ya kusimulia, kwa sababu siku hiyo kibanda kilishindwa kuulinda ujinga wetu, na haikuwa kosa la mwenyewe. Jumapili ya tarehe 5 Novemba 2023, Simba, timu yangu, ilikuwa mwenyeji wa Yanga kwenye Uwanja wa Benjamin Mkapa, saa kumi na moja jioni. Uwanja huo wa watu 60,000 uko hapahapa Temeke, na kutoka kibandani kwetu hadi pale, kwa mstari wa ndege, hapazidi kilomita tatu. Sauti husafiri karibu mita 340 kwa sekunde. Maana yake ni kwamba mvumo wa uwanja huhitaji sekunde saba au nane kufika Tandika kwa miguu yake wenyewe, juu ya mapaa, na siku ile picha yetu ilikuwa inachelewa zaidi ya hapo.

Sikulijua hilo mpaka liliponipata. Mpira ulikuwa katikati ya uwanja, hauna hatari yoyote, ndipo nikausikia, kitu kama lori zito linalopita mbali, kisha kikakua. Kibanda kizima kiliusikia. Mwenye kibanda aliongeza sauti ya spika mpaka zikaanza kukwaruza, lakini ulikuwa umeshaingia. Na ulikuwa hausemi kitu, kwa maana uwanjani wamekaa wekundu na wa njano na kijani, na mvumo hauna rangi. Tulijua kwamba kuna goli. Hatukujua la nani. Kwa sekunde mbili tatu watu zaidi ya mia moja waliobanana kwenye benchi zile walinyamaza kabisa, wote wakiutazama mpira ule uliokuwa bado katikati, wakiusindikiza kwa macho kila ulikogeuka, ili wajue unakwenda kwa nani.

Mapumziko yalitukuta tuko sare, bao moja kwa moja. Kipindi cha pili mvumo ulikuja mara nne, na mara zote nne mpira uligeukia upande wetu. Matokeo yakawa Yanga tano, Simba moja. Lilipoingia la tano sikungoja. Nilitoka nikatembea zile hatua chache mpaka nyumbani, nikamkuta mume wangu amekaa ukingoni mwa kiti mbele ya televisheni yetu ya intaneti, na kwenye kioo bado yalikuwa manne. Alikuwa ameshasikia kelele za kibandani. Aliinua uso akaniuliza, "Wao au sisi?"

Nilivua kandambili, nikakaa pembeni yake, nikaangalia mbele. Sikumwambia.